Doa Kwenye Ukuta wa Shule

Jumanne, 29 Aprili

Mvua tangu asubuhi. Bango la bucha ya Omanga halijakauka na ng'ombe niliyemchora anatiririka miguu. Omanga amesema ng'ombe asiye na miguu hana shida, mradi nyama iko.

Madam Pauline alinikuta hapo hapo buchani. Ni mwalimu mkuu wa ile shule iliyo kando ya barabara ya Rongo, ukishaiacha Rodi Kopany. Anataka nichore ukuta wa mbele, ule unaotazama barabara. Nikamuuliza mada. Akasema, "Hedhi," kwa sauti ya mtu anayeagiza nyama nusu kilo. Mteja mmoja akageuka akaanza kuisoma mizani.

"Wasichana wangu wanakosa shule kila mwezi," alisema. "Sitaki mabango ya nawa mikono, Mokeira. Nataka kitu mtu akipita asimame."

Nimechora Rodi hii miaka mingi: saluni, dawa za mifugo, vinyozi. Hakuna aliyewahi kusimama. Nilikubali kabla hajamaliza kusema.

Jumatatu, 5 Mei

Nimekaa na wasichana wa Gredi ya Tisa kwenye maktaba. Niliwapa karatasi na rangi wachore chochote kinachowajia wakisikia neno hilo. Walicheka mpaka machozi, halafu wakanyamaza, halafu wakaanza. Mmoja alichora shamba la njugu, akajichora yeye nje ya ua, kwa sababu kwao ukiwa katika siku zako huingii shambani, mazao yatakauka. Kwetu Migori ilikuwa mboga za sukuma. Mama alinizuia kuchuma, na mimi nilifurahi kwa vile sikupenda kuchuma.

Nyamusi, ambaye ndiye mdomo wa darasa, alichora godoro lililokatwa kona. Akaeleza bila haya kwamba ndiyo sodo yake. Hakuna aliyecheka hapo.

Karatasi moja tu ilirudi nyeupe.

Alhamisi, 8 Mei

Mwenye karatasi nyeupe anaitwa Emmaculate. Leo alibaki kunioshea brashi, nami nikajua hakubaki kwa ajili ya brashi.

"Madam, mimi niko na kitu," alisema, "lakini si ya kuchora."

Mwaka jana alikuwa skauti katika shule moja upande wa Kisegi, kwao. Jumatatu moja ilikuwa zamu yake kupandisha bendera. Shule nzima imesimama, wimbo wa taifa unaimbwa, yeye yuko mbele amevuta kamba, mikono juu. Akahisi. Sketi zao zilikuwa za rangi ya maziwa. Nyuma yake mtu akacheka, wa pili akacheka, kisha mstari mzima.

"Ungeachilia kamba," nikamwambia.

"Bendera ingeanguka, madam. Haifai ianguke katikati ya wimbo."

Kwa hiyo aliendelea kuvuta mpaka ikafika juu. Akaifunga kamba vizuri kama alivyofundishwa. Ndipo akavua sweta, akalizungusha kiunoni, akatoka getini na hakurudi tena. Lakini jina lilimfuata nyumbani: Bendera. Watoto wadogo waliliimba sokoni. Baba yake akamleta huku kwa mama yake mdogo, Min Levis, yaani Mama Levis, anayeuza dagaa wa omena karibu na stendi.

"Hapa hakuna mtu anajua," alisema. "Nimeanza upya kabisa. Hii usiweke popote, madam."

"Siweki," nikasema.

Alinishukuru. Brashi zilikuwa safi sana.

Jumanne, 13 Mei

Michoro ya ukuta: ua jekundu. Mwezi. Mikono miwili imeshika sodo kama inashika njiwa. Yote inafanana na kalenda za bure za duka la dawa.

Jumatano, 14 Mei

Mvua. Sikuchora kitu.

Ijumaa, 16 Mei

Nimechora mikono iliyoshika kamba, basi, kujaribu tu.

Jumatatu, 19 Mei

Nimemwonyesha Madam Pauline. Msichana kwa nyuma, mikono juu, bendera inapanda, na kwenye sketi doa. Si kubwa. Nilijua pa kuliweka.

Madam alisimama. Aliyeniambia nisimamishe watu alikuwa wa kwanza kusimama. Macho yake yakalowa akasema, "Hii hii. Usibadilishe kitu."

Najiambia: sura haionekani. Jina hakuna. Sketi nitaifanya buluu. Wasichana wangapi Kenya hii wamepandisha bendera?

Nimemaliza kuandika sentensi hiyo na bado sijisikii vizuri.

Alhamisi, 22 Mei

Mzee Gordon alikuja kuona ukuta. Ni mwenyekiti wa bodi ya shule, na siku ya Sabato ni mzee wa kanisa letu, kwa hiyo siwezi kumkwepa popote. Wakati huo nilikuwa nimefika mabegani tu. Akasifu mikono.

Jumatatu, 26 Mei

Nimetia doa leo. Pikipiki mbili zilisimama. Mama mmoja aliyebeba ndizi akasema, "Wuoyi!" akafunika macho, halafu akafunua vidole akaangalia tena.

Saa ya mapumziko Emmaculate alikuja na wenzake. Wengine walipiga kelele za furaha. Yeye alikaa nyuma yao. Walipoondoka akabaki.

"Huyo ni nani, madam?"

Nilikuwa juu ya ngazi. Ningeweza kushuka. Niliendelea kupaka rangi.

"Ni msichana yeyote," nikasema.

Aliangalia mikono ile kwa muda. Kisha akaenda darasani.

Jumamosi, 31 Mei

Sabato. Mzee Gordon alihubiri juu ya mavazi ya heshima na kila mtu akanigeukia. Sikujali sana. Nilijisikia shujaa, na nitakuwa mkweli hapa: nilifurahia kugeukiwa.

Jumatano, 4 Juni

Ukuta umezinduliwa. Watu walijaa mpaka barabarani. Nyamusi alisoma shairi lake mwenyewe, wavulana wa Gredi ya Tisa wakagawa sodo bila kucheka, na mmoja wao akasema mbele ya wote kwamba yeye hununulia dada yake pedi na hafi. Mzee Gordon hakuja. Madam Pauline alinikumbatia na makoti yetu mawili ya mvua yakapiga kelele kama mifuko.

Alikuwepo mtangazaji wa redio kutoka Homa Bay na kijana wa kuchukua video. Mtangazaji akaniuliza kama picha hii ni kisa cha kweli. Nikasema ndiyo, ni cha kweli kabisa, kilitokea upande wa Kisegi, na msichana hakuachilia kamba mpaka bendera ikafika juu. Watu wakapiga makofi. Nikasikia jinsi hadithi inavyopendeza nikiisimulia.

Emmaculate sikumwona.

Ijumaa, 6 Juni

Video imetazamwa kila mahali. Simu haipumui. Shule nyingine mbili zinataka ukuta. Rafiki yangu wa Awendo ameandika kwamba alilia.

Jumatatu, 9 Juni

Nilipita shuleni kuongeza varnishi. Nyamusi akanijia akiwa amekasirika, ila bado si kwangu.

"Madam, umeona maneno ya watu chini ya ile video? Kuna mmoja wa huko Kisegi ameandika, 'Huyu si Bendera? Yuko Rodi siku hizi, anaishi na mama wa omena.' Wengine wameweka kicheko. Saa hii darasa lote wanajua ni Emma."

"Yuko wapi?"

"Hajakuja leo. Ijumaa wavulana wa Gredi ya Nane walimwimbia wimbo wa taifa akipita."

Nimetafuta maneno hayo kwenye simu nikayakuta. Jina la Kisegi sikulitia kwenye picha. Nililitia kwa mdomo wangu, mbele ya maikrofoni, kwa sababu mtu aliniuliza kwa heshima na nilipenda kuulizwa.

Siwezi kusema nilisahau nilichoahidi. Nilikumbuka. Nilikumbuka hata nikiwa nasema.

Jumanne, 10 Juni

Nilikwenda kwa Min Levis sokoni. Hakuacha kupepeta omena.

"Emma amerudi kwa baba yake," alisema. "Alitoka na begi moja. Wewe ndiye ulichora?"

"Ndiyo, mama."

"Mimi niliisifu hiyo picha kwa wateja wangu wote. Niliwaambia, nendeni mkaone. Sikujua ni mtoto wangu nawatuma kuangalia."

Nilianza kuomba msamaha. Akanyanyua kiganja chenye magamba ya samaki.

"Hapana. Usinipe mimi. Mimi nitaweka wapi?"

Alhamisi, 12 Juni

Madam Pauline anasema nisijitese. Anasema msichana mmoja ameumia lakini mamia watasaidika, na Emmaculate mwenyewe siku moja ataona fahari. Anasema kwa wema. Anajua kusema. Nilimsikiliza nikiomba aendelee, kwa sababu kila neno lilikuwa linaniondolea mzigo kifuani, na nilipofika nyumbani ulikuwa umerudi wote.

Jumamosi, 14 Juni

Sikuenda kanisani.

Jumanne, 17 Juni

Kisegi. Nimekwenda kwa Emmaculate.

Kutoka Sindo pikipiki ilizama matopeni nikatembea. Nyumba ya baba yake iko juu kidogo ya soko. Baba hakuwepo, alikuwa ziwani. Emmaculate alikuwa anaanika mtama juu ya turubai, akaniona tangu mbali na hakuinuka.

Nilikuwa nimepanga maneno njia nzima. Nilisema matatu tu kati ya hayo, nadhani. Kwamba alinikataza na nikafanya. Kwamba aliponiuliza huyo ni nani, nilimdanganya. Kwamba Kisegi ilitoka mdomoni mwangu.

Akaendelea kusambaza mtama kwa kiganja.

"Mimi nilijua siku ile ulikuwa kwa ngazi," alisema. "Mikono ilikuwa yangu. Nilikuja nikuulize ndio useme ukweli. Ungesema ni wewe Emma, ningekuambia futa, na ungefuta kabla haijakuwa kitu."

"Ningefuta," nikasema, ingawa sijui kama ni kweli.

"Madam Pauline alipigia baba. Alisema mimi ni mfano mzuri. Ati wasichana wananiangalia nipate kuwapa nguvu." Hapo ndipo sauti yake ilipopanda. "Mimi sikuomba kuwa mfano! Nilikuwa nataka kuwa Gredi ya Tisa!"

Kuku walitawanyika. Nilisimama pale na kiatu kimoja kimejaa tope. Nikamuuliza anataka nifanye nini.

"Futa."

"Nitafuta."

"Na usiseme ni kwa sababu yangu. Ukisema tu, nimerudi tena mdomoni mwa watu."

"Sitasema."

"Ulisema hivyo pia mara ya kwanza."

Alinipa maji ya kunawa miguu kwa sababu ndivyo alivyolelewa, akaingia ndani, hakutoka tena.

Jumapili, 22 Juni

Nimefuta. Nilikwenda na chokaa asubuhi kukiwa hakuna mtu isipokuwa mlinzi, ambaye alidhani nimetumwa. Nilianza na doa. Jekundu halikubali kufunikwa haraka, lilikuwa linatoka waridi kila nikipitisha brashi. Ilibidi nisubiri likauke, nipake, nisubiri tena. Mikono niliiacha mwisho. Ndiyo kazi nzuri kuliko zote nilizowahi kufanya, na nimeandika hivyo ili nisijifanye haikuniuma.

Jumatatu, 23 Juni

Madam Pauline aliniita ofisini na hakunipa kiti.

"Nani amekutisha? Ni Gordon?"

"Hakuna, madam. Nimeamua mwenyewe."

"Umeamua! Ukuta wa shule! Unajua umewaambia nini hawa wasichana? Umewaambia ni kweli ni aibu, afadhali ifunikwe." Akapiga meza kwa kiganja. "Niambie basi sababu."

Alijua Emmaculate ameumia, ila hakujua kwamba alinikataza, wala kwamba yeye ndiye aliyeniambia nifute; neno moja lingetosha aelewe. Sikusema.

Nje, Nyamusi na wenzake walikuwa wamesimama mbele ya ukuta mweupe. Nyamusi aliniangalia kama mtu anayeangalia chakula kilichochacha.

"Walikununua ama uliogopa?"

Nikapita. Nyuma yangu akasema, kwa sauti ndogo ambayo ni mbaya kuliko kelele, "Mimi nilisoma shairi hapo."

Jumamosi, 28 Juni

Nilirudi kanisani nikitegemea adhabu. Nilipata mbaya zaidi. Mzee Gordon alinisimamisha mbele ya washiriki, akanishika mkono kwa mikono yake miwili, akasema Roho amemgusa dada Mokeira, ameondoa uchafu kwenye macho ya watoto wetu. Watu wakasema amina. Mkono wangu ulikaa ndani ya mikono yake kama si wangu.

Sikuuondoa. Hilo nalo ni langu.

Alhamisi, 3 Julai

Mvua zimekwisha. Vumbi.

Jumanne, 8 Julai

Ile shule ya Homa Bay iliyotaka ukuta imeghairi. Ya Asumbi pia. Nimechora tembo kwenye duka la simenti.

Jumatatu, 14 Julai

Min Levis alinipigia. Emmaculate amerudi. Alisikia ukuta umefutwa, akamwambia baba yake anataka kufanya mtihani wa mwaka huu na wenzake. Wavulana wa Gredi ya Nane, Madam Pauline aliwashughulikia mwenyewe. Emmaculate bado anaimbiwa mara moja moja. "Lakini anaenda," alisema Min Levis, akakata simu kabla sijasema lolote.

Nilikaa chini sakafuni, kwenye kibanda changu cha kuchorea. Nilifurahi, na furaha yenyewe ikawa kama kitu nimekiiba.

Jumatano, 16 Julai

Nimekwenda kwa Madam Pauline kuomba ukuta tena. Aliendelea kusahihisha vitabu.

"Utachora nani safari hii? Ua?"

"Mimi mwenyewe, madam. Sura yangu, na jina langu chini."

Kalamu yake ilisimama. Nadhani hapo akaanza kuelewa, kwa sababu alifungua mdomo kuuliza kisha akaufunga. Alisema tu, "Usipokuja Jumatatu, sitakuuliza tena."

Jumatatu, 21 Julai

Nimeanza. Nimejichora nimesimama, nimegeuza kichwa kuangalia nyuma, sketi yangu ya kijivu, doa. Nina kioo kidogo cha saluni nimekifunga kwenye ngazi.

Saa nne niligundua nimemaliza mgongo wote, nywele, hata mishono ya sketi, na uso nimeuacha kivuli. Nilikuwa nimejipa pazia bila kujua. Niliufuta nikaanza upya. Macho ndiyo yalinisumbua. Kila nikiyachora yanaangalia pembeni.

Jumatano, 23 Julai

Watu wanapita wanalinganisha. Wanaangalia ukuta, wananiangalia mimi, wanaangalia sketi niliyovaa. Kijana wa pikipiki aliuliza kama hata leo niko hivyo. Wenzake wakacheka. Nilishika ngazi kwa mikono miwili, mtu mzima mimi, na nimechagua mwenyewe. Nilimfikiria aliyekuwa na mikono juu na hakuchagua.

Mzee Gordon alikuja na mwavuli wake anaoutumia kama fimbo.

"Huyo ni nani?"

Safari hii nilishuka.

"Ni mimi, mzee."

"Dada Mokeira, mimi nilikusimamisha mbele ya kanisa."

"Nilijua unakosea, nikanyamaza. Nisamehe kwa hilo. Kwa hii picha sitaomba msamaha."

Akasema bodi itakaa. Akasema mama yangu Migori atapigiwa. Nikamwambia ampigie jioni, mchana huwa dukani na hasikii simu.

Alhamisi, 24 Julai

Mama alipiga. Alilia, akaniuliza nani ataniangalia sasa, akanieleza kwa kirefu watakavyosema shangazi zangu. Sikujitetea. Mwishoni akasema yeye alizoea kufua vitambaa vyake gizani na kuvianika chini ya godoro, mpaka vikamletea ugonjwa, na hajawahi kumwambia mtu. Kisha akakata haraka kama aliyeungua.

Jumatatu, 28 Julai

Bodi imekaa. Madam Pauline alitoka na macho mekundu akasema picha inabaki mpaka mwakani, halafu itajadiliwa. Nyamusi bado hanisalimii. Lakini leo alibeba ndoo yangu ya maji kutoka bombani, akaiweka chini kwa kishindo, akaondoka.

Ijumaa, 1 Agosti

Shule imefungwa. Nilikuwa naandika jina langu chini ya ukuta, na wanafunzi wanatoka na mabegi. Wengine wananipungia, wengine wanacheka. Wavulana fulani waliita, "Mokeira!" wakakimbia.

Emmaculate alitoka karibu na mwisho, na Min Levis amemshikia begi. Walinipita. Kisha akarudi peke yake, akasimama mahali palipokuwa na mikono yake, akaiangalia picha kuanzia juu mpaka chini. Sijui alikuwa anatafuta nini. Mimi nilishika brashi nikanyamaza. Nimejifunza hilo angalau.

"Wakikuangalia hivyo," aliniuliza, "unaumia?"

Nilitaka kusema kidogo. Nilitaka kusema si kama wewe.

"Naumia," nikasema.

Akaitikia kwa kichwa polepole, kama mtu aliyelipata jibu la hesabu.

"Basi unajua," alisema, akamfuata mama yake mdogo barabarani.